Namna ya kuitengenezea filamu albamu ya bibi

Filamu zangu fupi kuhusu kumbukumbu za kwetu Unguja nyingi zimeanzia kwenye albamu moja ya jalada la kijani, ambayo bibi huiweka kabatini chini ya kanga zake. Kama na kwenu ipo, anza na mikono mikavu, na usibandue kitu. Picha zilizokaa miaka kwenye kurasa za gundi zimeshashikana na karatasi. Mimi nilijaribu moja kwa ncha ya kisu. Nikabaki na kofia ya babu mkononi, uso umesalia kwenye albamu. Isiyotoka ipige hapohapo ilipo. Zilizolegea zigeuze, maana nyuma ndiko kwenye habari: tarehe kwa penseli, au muhuri wa studio. Kwetu muhuri unaojirudia ni wa Capital Art Studio ya Mji Mkongwe, iliyofunguliwa mwaka 1930.

Kaa karibu na dirisha asubuhi, jua lisipige moja kwa moja. Flashi zima. Picha ya kwenye fremu ya kioo itakuonyesha wewe na kamera yako, basi tundika buibui nyuma yako. Hakuna kitambaa cha dukani kinachoua mng'ao kama buibui la bibi. Ukilazimika kuwasha taa ya tyubu, rekodi fremu 25 kwa sekunde na shata (muda ambao kamera inaingiza mwanga kwa kila fremu) ya sekunde 1/50, la sivyo mwanga utachezacheza, kwa kuwa umeme wetu ni wa hezi 50. Kila picha ishikilie sekunde 10 bila kusogeza chochote.

Sauti ndiyo inayowashinda wengi. Zima feni, hata kama ni kaskazi. Zima na friji, halafu weka funguo zako ndani yake: hutaondoka bila kukumbuka kuiwasha. Kinasa sauti kilaze juu ya mto, si mezani.

Kisha maswali. "Huyu nani?" huleta jina tu. Mimi niliuliza, "Bibi, siku hiyo kulipikwa nini?" Akanyamaza, akaweka kidole nje kabisa ya ukingo wa picha. "Hapa palikuwa na sufuria la biriani. Na mama yangu, ila hakutaka kupigwa." Kidole kile ndicho kinachofungua filamu. Kwa hiyo kamera ielekee mikononi. Uso utaupata baadaye.

Wakibishana, usiwapatanishe. Bibi anasema gauni lake la Idi lilikuwa la kijani, mdogo wake anaapa lilikuwa jekundu, na picha ni nyeusi na nyeupe. Nimeziweka sauti zote mbili juu ya gauni hilohilo.

Kabla ya kumwonyesha mtu mwingine, mwonyeshe yeye. Bibi alitaka picha moja itoke, na hakusema kwa nini. Nimeitoa. Filamu imepungua sekunde 10.