Kabla hujatoa hela ya kinyago, kipindue

Nachonga hapa Mtwara mjini. Mjomba ndiye aliyenifundisha, kule Newala. Watu huniletea "mpingo" wao niukadirie, kumbe mti mwepesi uliopakwa dawa ya viatu.

Kipime mkononi kwanza. Mpingo mzito, majini unazama. Kipindue utazame kitako, maana wapaka rangi huwa wavivu huko chini. Lowesha kitambaa cheupe, sugua kwa nguvu. Kikitoka cheusi, rudisha. Ila weupe wa pembeni usikutishe: mpingo wenyewe una ganda la manjano hafifu, na wengine tunaliacha makusudi.

Lipiko la zamani, yaani kinyago cha kuvaa usoni katika ngoma za Wamakonde, ndilo linaloumiza kichwa. Uzito haukusaidii, huchongwa mti mwepesi. Chungulia ndani: lililochezwa limelainika kwa jasho pale linapogusa paji la uso. La kuzeeshwa kwa moshi na udongo linakwaruza kote sawasawa. Nilishauziwa moja hivyo, naona aibu.

Hata likiwa halisi, uliza limetoka wapi. Lipiko moja lililoibwa Makumbusho ya Taifa, Dar es Salaam, 1984, lilirudishwa kutoka Geneva mwaka 2010.