Kuweka modi za GTA San Andreas kwenye laptopu ya bei ndogo bila kuiharibu, hatua kwa hatua

Nimeandika hii baada ya kukaa na mpwa wangu wa Igoma kumwekea modi (faili za kuongeza au kubadilisha vitu vya gemu), basi lenye rangi za kwetu kwenye San Andreas, na kwa kuwa karibu kila anayeniletea mashine hapa Kirumba, Mwanza, anauliza maswali yale yale nimeona niyaweke sehemu moja. Naongelea laptopu ninazozishika kila siku, zile used za RAM GB 4, Intel HD (picha za ndani ya prosesa, bila kadi yake), diski ya kuzunguka na betri iliyochoka, ukichomoa chaja inazima hapo hapo. Hizo zinaicheza San Andreas vizuri kabisa, gemu ilitoka kwa PC mwaka 2005 na ilikuwa inataka RAM MB 256 na kadi ya picha ya MB 64 tu. Zinaharibika kwa modi zinazosukumiwa humo bila mpangilio na virusi vinavyoingia navyo.

Na ni ile ya zamani, sio Definitive Edition ya 2021. Ile imejengwa upya kwa Unreal Engine, modi zake ni nyingine kabisa, na kwa Intel HD usihangaike nayo.

Hatua ya 1: Gemu ikae mahali pake

Usiiweke ndani ya Program Files, Windows inazuia kuandika humo halafu utashangaa mbona modi hazisomi. Tengeneza folda D:\Michezo, weka humo. Cheza kwanza bila modi yoyote mpaka uone inafunguka na inasevu, kisha kopi folda nzima iite "San Andreas safi" na usiiguse tena. Kama nafasi ni ndogo toa muvi, kopi safi ndiyo itakuokoa.

Modi nyingi zimeandikiwa toleo la 1.0 la gta_sa.exe. Ukiwa na toleo la mbele zaidi nyingi hazitafanya kazi, kuna zana za kulirudisha gemu lako kwenye 1.0, anza na hilo kabla hata ya kutengeneza ile kopi safi.

Hatua ya 2: Lijue faili kabla hujalifungua

Fungua folda yoyote, nenda View, washa File name extensions ili uone herufi zinazokuja baada ya nukta. Windows inakuja imezificha, na ndiyo maana mtu anabofya basi.dff.exe akidhani ni basi, maana yeye anaona basi.dff tu.

Sasa kwa San Andreas mambo yako hivi. Faili la .dff ni umbo la gari, .txd ni picha za rangi zake, hayo mawili ni data, gemu ndiyo inayasoma. Faili za .cfg, .ide na .txt ni maandishi, unafungua kwa Notepad unasoma mwenyewe. Faili la .cs ni skripti ya CLEO (nyongeza inayoipa gemu uwezo wa kusoma skripti), linaendesha mambo ndani ya gemu na likiwa baya linaweza kukuharibia sevu, hata kugusa mafaili yaliyo nje ya gemu. Halafu kuna .asi, hapa naomba uwe makini sana kwa sababu .asi ni programu kamili iliyobadilishwa jina la mwisho, kwa kazi ni sawa na .dll, ikishapakiwa na gemu inaweza kufanya chochote ambacho wewe mwenyewe unaweza kufanya kwenye hiyo laptopu, kusoma nywila zako, kufuta mafaili, chochote. Na .exe ndo usiseme. Modi ya gari inayokuja kama .exe ya kujiinstoo yenyewe mimi naifuta bila kuifungua hata iwe na picha nzuri kiasi gani, gari halihitaji .exe.

Kwa hiyo ukishusha modi, fungua kwa 7-Zip (mimi WinRAR niliacha, 7-Zip ni ya bure na haikusumbui kununua) na uangalie ndani kabla hujaitoa. Ukiona .asi, .dll au .exe, kipeleke kwenye tovuti ya VirusTotal, inapokea faili mpaka MB 650 na inalipima kwa antivairasi nyingi kwa pamoja. Moja au mbili zikilalamika kwa jina la jumla jumla kwenye .asi inayojulikana hiyo hutokea, zikilalamika nyingi achana nayo. Na maelezo ya modi yakikwambia "zima antivairasi kwanza", funga huo ukurasa. Hakuna gari duniani linalohitaji Defender, antivairasi ya Windows, izimwe.

Flashi nayo. Bando ni ghali kwa hiyo wengi tunapeana modi kwa flashi, na flashi ikishapita stesheneri mbili tatu hapa mjini inarudi na folda zako zimegeuka shotikati. Ukiona hivyo usibofye hata moja. Bofya kulia kwenye flashi, iskani na Defender, kisha washa Hidden items kwenye View na utaona folda zako halisi mara nyingi zipo, zimefichwa tu; zisipoonekana, kwenye Options za folda toa tiki ya Hide protected operating system files. Kopi hizo, halafu ifomati flashi.

Hatua ya 3: Mod Loader, na usiguse gta3.img

Hapa nina msimamo na siubadilishi. Vidio nyingi za zamani zinakufundisha kufungua models\gta3.img kwa zana ya IMG, unaondoa bus.dff unaweka yako, halafu una-rebuild. Usifanye. Hilo faili linakaribia GB 1, ndani yake kuna karibu magari, watu na majengo yote ya gemu, na wakati linajengwa upya linaandikwa lote. Kwenye laptopu yenye betri iliyokufa, umeme ukikatika katikati ya hiyo kazi, na nyie mnaujua umeme wetu, gta3.img imekwenda na gemu imekwenda nayo.

Mod Loader ni nyongeza inayopakia modi kutoka folda yake yenyewe, inaacha faili za gemu kama zilivyo. Unaweka ASI Loader kwanza, ndiyo inayoifanya gemu isome .asi (inabadilisha vorbisFile.dll, ile ya asili iwe tayari kwenye kopi yako safi), kisha unatupia modloader.asi na folda ya modloader ndani ya folda ya gemu. Washa gemu, ingia, toka. Ukikuta faili la modloader.log ndani ya folda ya modloader ujue imekubali. Ongeza SilentPatch, inarekebisha makosa mengi ya gemu yenyewe, kwa mimi ni ya lazima. CLEO weka tu kama kuna kitu unachokitaka kinachoihitaji.

Hatua ya 4: Kuingiza basi lenyewe

Kwa maneno ni rahisi: ndani ya modloader tengeneza folda, ipe jina linaloeleweka kama basi_nyegezi, weka bus.dff na bus.txd, washa gemu. Kwenye San Andreas kuna mabasi mawili, bus ni la mjini na coach ni la safari ndefu, jina la faili ndilo linaamua unabadilisha lipi. Ukitaka basi lako la mkoani litokee mahali pa coach unabadilisha majina yote mawili, coach.dff na coach.txd. Ukibadilisha moja ukaacha jingine gari linatokea jeupe au gemu inajifunga.

Sasa njoo kwenye kilichotukalisha mimi na mpwa wangu usiku kucha. Basi lilikuwa linaonekana vizuri, unaendesha dakika kadhaa, halafu gemu inajifunga bila hata neno. Wakati mwingine inajifunga unapofungua mlango. Mambo yaliyokuwa humo ndani ni matatu na nimeyaona tena kwa watu wengine, kwa hiyo yafuate kwa mpangilio huu.

La kwanza, watengenezaji wengi wanafunga kwenye zip moja matoleo kadhaa ya gari lile lile, folda moja ya basi lenye AC, nyingine bila AC, nyingine yenye stika, na zote zina bus.dff ndani yake. Ukitupia zip nzima kama ilivyo, Mod Loader inaingia mpaka folda za ndani, inakuta bus.dff tatu na inachagua yenyewe, unaweza kupata umbo la toleo moja na rangi za toleo jingine. Chagua moja, kopi hiyo tu, nyingine ziache nje kabisa ya folda ya modloader.

La pili ni faili la maelezo, lile la .txt. Mod Loader ina akili ya kusoma mistari ya handling (namna gari linavyoendeshwa) na carcols (rangi zake) hata ikiwa imeandikwa katikati ya maelezo ya kawaida, jambo ambalo ni zuri sana likienda vizuri, lakini kama mtengenezaji ameandika mistari miwili ya handling, mmoja wa kawaida na mmoja wa "spidi kali", au ameacha mstari umekatika katikati, nayo inaubeba hivyo hivyo. Dalili yake ni basi kuruka ruka barabarani, kuzama kwenye lami au kupinduka lenyewe kwenye kona ndogo. Fungua hilo faili kwa Notepad, acha mstari mmoja unaoanza na jina la gari kwa herufi kubwa, BUS au COACH, futa mengine yote, sevu. Ukitaka kuhakikisha, lihamishe faili lote nje ujaribu bila hilo, basi litaendeshwa kwa handling ya asili ya gemu, na kwa kweli kwa mabasi mengi inatosha.

La tatu ndilo lililokuwa linatufunga. Ndani ya zip kulikuwa na .asi ya taa, ImVehFt, ya zamani, na mpwa wangu alikuwa na nyingine tayari kutoka modi ya Hiace aliyopewa na rafiki yake. Mbili zinagombania kazi moja. Hapa modloader.log inasaidia kuliko vidio yoyote: gemu ikijifunga, fungua hilo faili, shuka mpaka chini kabisa, tafuta mstari unaoanza na Unhandled exception at, una namba ndefu halafu neno in halafu jina la faili. Ukikuta hapo jina la .asi fulani basi umempata wa kuanza naye, itoe. Ukikuta gta_sa.exe, mara nyingi tatizo liko kwenye umbo au picha ya gari, au kumbukumbu imejaa, na log peke yake haitakwambia ni gari gani.

Hapo unagawa nusu kwa nusu. Toa nusu ya folda zilizo ndani ya modloader uziweke pembeni, cheza. Ikijifunga tena, mbaya yumo kwenye zilizobaki, isipojifunga yumo kwenye ulizotoa. Gawa tena. Hata ukiwa na modi 30 unampata baada ya mizunguko michache, lakini usibadilishe kitu kingine chochote katikati, usiongeze modi mpya, usiguse setingi, la sivyo hutajua kilichosaidia ni nini. Na kama gemu inagoma hata kufunguka, kabla ya yote nenda Documents, folda ya GTA San Andreas User Files, futa gta_sa.set. Ni faili la setingi tu, litajitengeneza upya, na mara nyingi tatizo linaishia hapo.

Hatua ya 5: Punguza uzito

Modi nzuri kwa picha na modi inayokimbia ni vitu viwili. Picha moja ya 2048 kwa 2048 isiyobanwa ndani ya .txd inakula MB 16. Ukiipunguza iwe 512 kwa 512 na kuibana kwa DXT1 inashuka mpaka KB 128, na ukiwa umekaa mbele ya skrini ya inchi 14 ubavu wa basi bado unasomeka NYEGEZI – IGOMA bila shida. Gemu yenyewe imetengewa kumbukumbu kama MB 50 ya kupakia vitu vya mtaani, magari mazito mawili matatu yakitokea kwa pamoja yanaijaza, ndiyo unaona barabara inapotea na majengo hayatokei. Watu wanasingizia laptopu.

Tumia Magic.TXD, programu ya kuhariri faili za .txd. Fungua bus.txd, picha kubwa zipunguze, zibane, sevu kwa jina lile lile. Maandishi ya ruti acha 1024 kama hayasomeki vizuri, viti na matairi 256 inatosha, hakuna anayeyatazama.

ENB, modi ya kupendezesha mwanga na picha, usiweke. Intel HD haiwezi, mashine inachemka na joto la mchana la hapa linaongeza. Frame Limiter iache On, ukiizima gemu hii inaleta makosa ya mwendo na feni inapiga kelele bure. Na laptopu ikae mezani, sio kwenye godoro.

Hatua ya 6: Sevu

Sevu zipo kwenye ile ile User Files, GTASAsf1.b mpaka GTASAsf8.b. Kopi kabla ya kuweka .cs yoyote mpya. Ukiwa na CLEO usiingie nayo kwenye seva za SA-MP (San Andreas ya kucheza na wengine mtandaoni), nyingi zinaweza kukufungia, toa kopi nyingine kutoka kwenye ile safi kwa mambo ya mtandaoni.

Ukikwama weka hapa mstari ule wa Unhandled exception na orodha ya folda zilizo ndani ya modloader yako. Picha ya skrini iliyopigwa kwa simu haisaidii, kopi maandishi.