Kabla hujagusa libssl: maandalizi ya kusasisha OpenSSL kwenye seva

Karibu kila seva ya Linux ina maktaba mbili, yaani faili za msimbo unaotumiwa na programu nyingi kwa pamoja, za mradi wa OpenSSL: libssl.so na libcrypto.so. Ya kwanza inaendesha TLS, ulinzi ulio nyuma ya kila anwani ya https. Ya pili inafanya hesabu zenyewe za kusimba, kutia sahihi na kuzalisha funguo. Huduma kama Nginx, Apache, Postfix na PostgreSQL kwa kawaida husoma faili hizo hizo, na sshd, huduma ya kuingia kwenye seva ukiwa mbali, nayo huitegemea libcrypto. Ukiziharibu, unaweza kujikuta huwezi hata kuingia kwenye seva kurekebisha ulichovunja.

Basi anza kwa kujua nani anazitumia. Amri ya ldd inaonyesha programu inataka maktaba zipi, ila usiielekeze kwenye programu usiyoiamini, maana katika hali fulani inaweza kuiendesha. Hapo tumia readelf -d. Kwa programu ambazo tayari zinakimbia, amri ya lsof, inayoorodhesha faili zilizofunguliwa, ikichujwa kwa neno libssl itakupa majina. Kisha zitafute nakala zilizojificha, na hapa ndipo wengi hupitiwa. Node.js inayopakuliwa kutoka kwa watengenezaji wake ina OpenSSL ndani yake. Kifurushi cha cryptography cha Python kikisakinishwa kwa pip kwa kawaida huja na yake. Kila kontena, yaani programu iliyofungiwa na mazingira yake, nalo lina mfumo wake wa faili. Ukisasisha seva mama, hao wote hawajaguswa. Kila mmoja anahitaji sasisho lake, kwa hiyo waandike kwenye orodha.

Namba ya toleo isikudanganye. Ubuntu 22.04 inaendelea kuonyesha 3.0.2 ingawa virekebisho vya usalama vimekuwa vikiongezwa ndani yake. Kinachosema ukweli ni namba kamili ya kifurushi, unayoipata kwa dpkg -l libssl3, au rpm -q openssl-libs kwa upande wa Red Hat. Ilinganishe na tangazo la usalama la mfumo wako.

Kama bado uko kwenye OpenSSL 1.1.1, msaada wake wa bure uliisha tarehe 11 Septemba 2023, na kuhamia 3 ni kazi inayotaka seva ya majaribio. Algoriti za zamani kama RC4, DES na MD4 zimehamishiwa kwenye sehemu ya urithi isiyopakiwa yenyewe. TLS 1.0 na 1.1 hazikubaliki kwa mipangilio ya kawaida. Faili za zamani za .p12, zinazobeba vyeti na funguo, zinaweza kukataa kufunguka. Kila mfumo wa nje unaozungumza na wako, hasa ule wa malipo ambao haujaguswa kwa miaka, ujaribu mapema kwa openssl s_client. Na tafadhali, usiunde kiungo cha kuifanya libssl.so.3 ijiite libssl.so.1.1. Namba ile ni ahadi ya jinsi programu itakavyoita kazi za ndani, na ahadi za matoleo hayo mawili hazifanani.

Panga pia muda wa kuwasha upya huduma. Hili ndilo ninalolisisitiza kuliko yote. Programu inayokimbia inaendelea kushikilia maktaba ya zamani hata baada ya faili mpya kuwekwa kwenye diski. Kirekebisho kimefika, lakini tundu bado liko wazi. Heartbleed, tundu maarufu la OpenSSL, ilipotangazwa tarehe 7 Aprili 2014, ikigusa matoleo ya 1.0.1 hadi 1.0.1f, mshambuliaji aliweza kuchota hadi kilobaiti 64 za kumbukumbu ya seva kwa kila ombi. Kusasisha bila kuwasha upya hakukuzuia lolote. Isitoshe, ufunguo uliokwisha kuvuja haurudi kwa kusasisha: ilibidi vyeti vitolewe upya na vya zamani vibatilishwe. Kwa hiyo jua sasa funguo zako ziko wapi, nani anakutolea vyeti, na nani ana nywila ya akaunti hiyo.

Chanzo kiwe hazina rasmi ya mfumo wako, yenye vifurushi vilivyotiwa sahihi. Kwenye Windows, ujumbe wa kukosekana kwa libcrypto-1_1-x64.dll huwapeleka watu kwenye tovuti zinazogawa faili za DLL mojamoja. Usithubutu. Isakinishe upya programu yenyewe iliyokosa faili hiyo. Tena hata njia rasmi inataka macho: Machi 2024 mhandisi wa programu Andres Freund aligundua mlango wa nyuma ndani ya liblzma, maktaba ya kubana data, matoleo ya 5.6.0 na 5.6.1, kwa sababu kuingia kwa ssh kulichelewa takriban nusu sekunde. Pima kasi ya kawaida ya seva yako kabla ya kubadili chochote, uwe na cha kulinganisha.

Mwisho, njia ya kurudi. Chukua taswira ya diski, hakikisha konsoli ya mtoa huduma inafunguka, na acha kikao cha pili cha ssh kikiwa wazi. Ukishasasisha na kuwasha upya, endesha needrestart, inayoonyesha huduma zinazohitaji kuwashwa upya, au tafuta kwenye lsof libssl na libcrypto zenye alama ya DEL, yaani faili iliyofutwa ambayo bado inashikiliwa. Jaribu kuingia upya kutoka dirisha jingine. Ukikubaliwa, ndipo ukifunge kile kikao cha akiba.