Namna ya Kubuni Mwezi wa Pili Juu ya Ziwa

Mwandishi anayebuni ulimwengu wa njozi aghalabu huanza na mandhari: anga la zambarau, vimondo visivyokoma, jua jeusi. Mimi ningemshauri aanze na kazi za watu. Ajabu ya angani haimgusi msomaji mpaka iwe imeharibu riziki ya mtu au kuineemesha, na sisi tunaoishi Kisumu tuna mfano ulio tayari, kwa kuwa uvuvi wa omena, yaani dagaa, katika Ziwa Viktoria hutegemea giza. Wavuvi wa Usenge na Mbita huingia ziwani usiku wakiwa na taa, zamani karabai na siku hizi nyingi zikiwa za sola, ili mwanga uwavute omena hadi penye wavu. Mwezi unapokuwa mpevu, mbalamwezi hushindana na taa hizo, omena hawakusanyiki, na mitumbwi mingi hukaa ufuoni kwa siku kadhaa. Basi na tuubuni ulimwengu wenye ziwa kama hili, ila angani pawe na mwezi wa pili.

Kikwazo cha kwanza ni cha lugha. Kwa Kiswahili, mwezi wa angani na mwezi wa kalenda ni neno moja, na ukiandika kwamba miezi miwili ilipita juu ya ziwa, msomaji ataelewa kuwa siku sitini zimekwisha. Kwa hiyo upe kila mmoja jina mapema, tena jina ambalo mvuvi angeweza kulitamka akiwa na kasia mkononi. Katika mfano huu, ule wa zamani utaitwa Mwezi, na wa pili utaitwa Mdogowe.

Sasa fanya hesabu, na hapa usiwe na haraka. Mwezi wetu wa kweli huchukua takriban siku 29.5 kutoka mwandamo mmoja hadi mwingine. Mwezi wa hadithi upe siku 30 kamili ili kazi iwe nyepesi, na Mdogowe umpe siku 42. Kwa kuwa mzunguko wake ni mrefu zaidi, ni lazima awe mbali zaidi, maana kilicho mbali huzunguka polepole. Namba hizi mbili hukutana kwenye 210. Maana yake ni kwamba, ikiwa leo miandamo yote miwili imeangukia usiku mmoja, jambo hilo halitatokea tena sawasawa mpaka siku 210 zipite. Katikati yake giza litapatikana kwa vipande: saa chache kabla ya mmoja kuchomoza, au saa chache baada ya mwingine kutua. Chora jedwali la siku zote kwenye daftari la shule. Mimi nilipojaribu kulishika kichwani nilijikuta nimeandamisha Mdogowe mara mbili katika juma moja.

Jedwali likishakamilika, mengine huzaliwa humo lenyewe, na hii ndiyo sehemu ya kukaa nayo kwa muda mrefu. Mama anayeuza omena waliokaushwa kwa gorogoro ataficha akiba kadiri usiku wa giza kuu unavyosogea, au ataimaliza upesi kabla bei haijaanguka? Mkopeshaji atadai deni siku gani? Je, mahari itapangwa kabla ya usiku huo au baada yake? Huenda watoto waliozaliwa usiku ule wakapewa jina moja, kama vile Waluo wanavyomwita Otieno mtoto wa kiume aliyezaliwa usiku.

Kuna kanuni za anga ambazo hata njozi haizivunji bila sababu. Mwezi mpevu huchomoza jua linapotua, kwa hiyo usiuweke utosini wakati wa magharibi. Mwezi mchanga nao hutua muda mfupi baada ya jua. Jua hupatwa wakati wa mwandamo tu. Mwezi wetu huweza kulifunika jua lote kwa sababu jua, lenye upana wa karibu mara 400 ya ule wa mwezi, liko pia mbali karibu mara 400. Mdogowe akionekana mdogo kuliko jua, ataacha pete ya mwanga kumzunguka. Ikiwa ziwa lako liko karibu na ikweta kama la kwetu, mwezi mchanga hulala kama mtumbwi, na giza huingia upesi baada ya jua kutua, kati ya saa kumi na mbili na nusu na saa moja jioni. Machweo ya saa tatu nzima ni ya nchi nyingine. Bamvua na maji mafu pia waachie watu wa Pwani, kwani kupwa na kujaa kwa maji ya ziwa ni kudogo mno.

Limebaki wingu. Wingu zito huziba miezi yote miwili na kuleta giza la bure, ila ziwani mara nyingi huja na dhoruba. Ningeifungua hadithi usiku wa 209, nyavu zikiwa zimeshonwa na karabai zimejazwa mafuta, huku upepo wa nchi kavu ukianza kugeuka.