Kotoleta ya kitimoto kwa mtindo wa Kitaliano, ile nje inalia kru ndani laini

Kitimoto wengi wetu tunaijua kwa namna mbili, ya kukaanga na rosti, inakatwakatwa na mifupa yake inakuja kwenye sinia na ndizi na pilipili na kachumbari, na mimi sina ugomvi nayo hata kidogo. Ila kuna hii nyingine Waitaliano wanapika majumbani kwao, steki nyembamba ya nguruwe inachovywa kwenye yai, inavishwa chenga za mkate, inakaangwa mpaka inakuwa rangi ya dhahabu, wao wanaandika cotoletta we tamka kotoleta inatosha. Mimi nilijifunzia Iringa enzi hizo nafanya kazi jikoni kwenye nyumba ya masista, maana Iringa wamisionari wa Consolata wapo tangu zamani na shina lao ni Torino, kaskazini mwa Italia, na alikuwepo sista mmoja mzee wa huko huko Piemonte, mkoa wenye hiyo Torino, sikukuu ikifika anatutoa wote jikoni anapika mwenyewe. Nilichungulia mlangoni mwaka mzima mpaka akanihurumia akaniita ndani.

Cha kwanza alichoniambia nawapa na nyie kabla hamjashika kisu: adui wa hii kitu ni maji. Maji yaliyo kwenye nyama, maji yaliyo kwenye mkate, mvuke wa kwenye hotpoti. Karibu kila kitu mtakachosoma hapa ni namna ya kufukuza maji, ukilishika hilo hata ukisahau vipimo utatoka salama.

Kidogo tu kuhusu asili yake afu tuingie jikoni. Hii ni ya Milano, na yenyewe kabisa sio nguruwe, ni ndama, tena na mfupa wake wa ubavu unabaki umening'inia kama mpini. Watu wa Milano wanajivunia andiko la mwaka 1134 linalotaja mlo wa mapadre wa kanisa la Sant'Ambrogio, ndani yake kuna maneno ya Kilatini lombolos cum panitio, wao wanasema ndo hiyo hiyo nyama ya mgongo iliyovikwa mkate, kwahiyo Waaustria na Wiener Schnitzel yao, ile steki ya ndama ya Vienna inayovishwa chenga kama hii, wakae kimya. Wapo wanaosema hayo maneno yanaweza yakawa tu nyama iliyoliwa na mkate, basi ugomvi unaendelea mpaka kesho. Kwa nyumbani ndama ni ghali hata huko kwao, ndo maana familia nyingi zinapika ya nguruwe au kuku, na hiyo ndo tunapika leo. Msiokula nguruwe chukueni kidari cha kuku, hatua ni zile zile.

Haya, nyama. Hapa ndo wengi tunaferi, na tunaferia buchani sio jikoni. Ukifika ukasema nipimie kilo, jamaa ananyanyua panga anakukatia vipande na mifupa kama kawaida yake, ushaharibikiwa. Mwambie mapema unataka mgongo, bila mfupa, kipande kimoja kizima asikikate, akuachie na kile kiukanda cha mafuta pembeni. Gramu 700 hivi zinatosha watu wanne wanaokula vizuri. Angalia nyama ina muhuri wa mkaguzi, na ukiikata ukaona punje nyeupe kama chembe za mchele zimejipanga ndani ya nyama, hiyo ni mayai ya tegu, usijadiliane na mtu, usinunue. (Wataalamu watanirekebisha, zile ni tegu wachanga sio mayai, ila mtaani ndo tunavyosema.)

Ukifika home weka kile kipande kwenye friza nusu saa mpaka dakika 40, sio kigande, kikazike tu, maana nyama laini ikikatwa inakimbia kisu unapata steki nene upande mmoja na nyembamba mwingine. Kata kwa kukingama nyuzi za nyama, unene wa sentimita moja. Afu unazigonga zibaki nusu sentimita. Kama huna nyundo ya nyama tumia mchi au chupa, weka steki katikati ya karatasi mbili za kuokea au vile vifuko vya kuhifadhia chakula, gonga kuanzia katikati unasogea nje, kwa upole, unaitandaza huitwangi, mimi mara ya kwanza niliipiga kama natwanga kisamvu ikatoboka. Ule ukanda wa mafuta ukate kwa mkasi kila baada ya sentimita tatu, usipofanya hivyo ukiingia kwenye moto unajikunja unaivuta steki inakuwa bakuli, katikati inanyanyuka haigusi mafuta haiivi sawasawa.

Sasa kausha. Tishu za jikoni au kitambaa safi, bonyeza juu, geuza, bonyeza tena mpaka kitambaa kikitoka hakina unyevu.

Na naomba tuelewane jambo moja, najua mkono unawasha kuchukua tangawizi, saumu, ndimu na soya sosi. Acha. Najua inauma, sisi nyama bila kuloweka tunaona kama haijapikwa, lakini ukiiloweka ushairudishia maji yote uliyoyakausha, na chenga zitavuka kama ngozi ya nyoka. Chumvi nayo inavuta maji kutoka kwenye nyama ndo maana wale wa zamani wanatia chumvi mwisho kabisa ikishatoka kwenye mafuta. Hapa mimi na sista hatukukubaliana, mimi natia chumvi kidogo na pilipili manga kwenye yai, halafu namalizia nyingine mwisho, naona inakolea vizuri zaidi, yeye alikuwa anatikisa kichwa tu.

Chenga za mkate sasa, na hapa ndo roho ya jambo lenyewe ilipo. Zipo za kununua supamaketi zimefungwa kwenye pakiti, zinafaa, ila nyingi ni laini kama unga unapata ganda gumu lisilo na raha. Tengeneza mwenyewe, ni mkate uliolala tu. Shida ni kwamba mikate yetu mingi ya slesi ina sukari, na sukari ikikutana na mafuta ya moto inaungua kabla nyama haijaiva, unapata kitu cheusi nje na ndani bado kibichi, yalinikuta hayo mbele ya wageni na sitaki kuyaongelea. Tafuta mkate usio na sukari, ile mikate mirefu migumu ya kifaransa au boflo, na kama slesi ndo uliyonayo basi punguza moto usimamie kwa karibu. Kata, anika kwenye sinia siku mbili mahali pasipo na unyevu au weka kwenye oveni moto mdogo mpaka uvunjike kama biskuti. Halafu blenda kwa kushtua shtua, au kinu, au kwaruza kwenye kikwaruzio cha karoti. Unataka chenga za mchanganyiko, nyingine ndogo kama semolina nyingine kubwa kama punje za mchele uliovunjika, zile kubwa ndo zinazolia ukiuma. Nusu ya mkate wa kawaida inatosha. Kuna wanaochanganya jibini gumu la Parmigiano lililokwaruzwa, vijiko viwili, ni tamu sana ila mtu wa Milano akikuona atanuna, na bei yake huku sote tunaijua.

Mayai matatu, piga kwa uma mpaka ute na kiini vishikane, usiongeze maziwa, usiongeze maji. Kwenye ya Milano hamna unga wa ngano, ni yai na mkate tu, unga ni mambo ya Vienna, wao wanataka ganda linalojitenga na nyama linavimba kama puto, Milano wanataka ganda limeng'ang'ania. Nguruwe wetu mara nyingine anatoka na maji mengi, kwahiyo ukiona nyama bado inateleza hata baada ya kukausha, pitisha kwenye unga kidogo sana ukung'ute, mimi nafanya na sijawahi kufa.

Steki ikae kwenye yai dakika kumi, sio kuchovya na kutoa, afu inyanyue iache yai la ziada lidondoke, ilaze juu ya chenga, mwagia chenga nyingine juu, na ubonyeze kwa kiganja cha mkono kwa uzito wa mwili, geuza bonyeza tena, na zile pembeni usizisahau. Mkono mmoja wa yai mmoja wa mkate la sivyo vidole vyako ndo vitakuwa kotoleta. Ukimaliza chukua mgongo wa kisu uchore mistari ya msalaba msalaba juu yake bila kukata, urembo huo wa kizamani na unasaidia chenga zijikaze. Zipange kwenye sinia zisilaliane, weka kwenye friji bila kufunika dakika 20. Ganda linakauka linashika. Hatua hii watu wanairuka afu wanalalamika chenga zimebaki kwenye fraipani.

Mafuta. Huko Milano wanakaangia siagi iliyochujwa, yaani siagi imeyeyushwa ikatolewa maji na yale machicha ya maziwa yanayoungua haraka, wanaandika kwenye mapishi kama kitu cha kitaalamu kweli kweli, na niliposikia nikacheka maana hiyo ni samli. Samli ile ile ya bibi. Siagi ya kawaida peke yake usithubutu inaungua, na margarini ndo kabisa achana nayo. Samli tupu ni gharama, changanya samli robo na mafuta ya alizeti robo tatu, unapata ile harufu na mfuko haulii. Alizeti iwe iliyosafishwa, ile ya kukamua ya kwenye chupa za mtaani inatoa povu hujui kinachoendelea chini.

Fraipani yenye kitako kizito, mafuta yafike nusu ya unene wa steki au zaidi kidogo, na joto lake liwe kama nyuzi 170 mpaka 180 za Selsiasi. Hamna kipimajoto? Choma ncha ya mwiko wa mbao ndani, vikitokea vipovu vidogo vidogo vya haraka kuzunguka mwiko weka nyama, visipotokea subiri, na mafuta yakianza kufuka moshi ushapitiliza, toa kwenye moto yapoe. Kwenye gesi ni simpo, kwenye mkaa acha makaa yashike yote kwanza yawe mekundu, afu funika sehemu kwa majivu, la sivyo moto unapanda wenyewe we umegeuka kuchukua sahani.

Mbili kwa wakati mmoja, zisigusane. Ukijaza sita pamoja mafuta yanapoa, nyama inaanza kutoa maji, na badala ya kukaanga unachemsha. Dakika mbili na nusu hadi tatu kila upande, geuza mara moja tu, na ukiwa unasubiri teka mafuta kwa kijiko mwagia juu juu. Usitumie uma kugeuza, unatoboa, tumia koleo au mwiko bapa. Sikiliza mlio, mwanzo unakuwa mkubwa chwaaaa halafu unapungua, ukipungua maana yake maji yanaisha na ganda limekaza. Kwa unene wa nusu sentimita hiyo nyama itakuwa imeiva vizuri, mwenye kipimajoto ahakikishe ndani imefika nyuzi 63 kisha aiache dakika tatu, asiye nacho akate moja katikati, isiwe na majimaji ya pinki. Nguruwe hatuli nusu mbichi, stori ya tegu tumeshaisema.

Ikitoka weka kwenye wavu, hata ule wa kwenye oveni au chekeche kubwa, hewa ipite chini. Kwenye tishu sekunde chache tu basi, ukiiacha hapo upande wa chini unalowa kwa mvuke wake. Tia chumvi hapo hapo ikiwa bado inachemka. Na tafadhali, wakwe wamechelewa, wageni wako njiani, usiweke kwenye hotpoti. Najua hotpoti ni heshima ya nyumba, ila ukifunga kile kifuniko dakika tano tu kazi yote ya asubuhi inageuka mkate uliolowa. Bora uache steki mbichi zimeshavikwa kwenye friji, wageni wakikaa ndo uwashe moto.

Kula na limao, kila mtu na kipande chake akamulie mwenyewe pale anapouma, sio kumwagia sinia zima. Wao wanaweka majani ya rucola na nyanya pembeni, sisi kachumbari inafaa kabisa ila kwenye bakuli lake, ikimwagwa juu imekwisha. Chips sawa, ndizi za kukaanga sawa zaidi. Na ugali na mchicha nimejaribu, sikutegemea, ila ilikubali.

Zikibaki, kesho yake usizipashe kwenye maikrowevu, fraipani kavu moto mdogo, au kula baridi ndani ya mkate. Sista yeye zilizobaki alikuwa anazifanyia kitu cha kwao Piemonte wanaita carpione, anakaanga vitunguu vingi polepole, anatia siki na maji kidogo na jani la bay, inachemka, anamwagia juu ya kotoleta za jana anafunika zinalala usiku kucha. Ule ukrispi wote unakufa, ndio, na mwanzo nilishangaa tunahangaika siku nzima kufukuza maji afu leo anayamwaga mwenyewe, akaniambia jana ilikuwa jana, kula.