Somo: Kuisikiliza santuri ya Cannonball Adderley ya San Francisco, hatua kwa hatua

Wengi mnalalamika kwamba jazi inawachosha dakika ya tatu tu. Nadhani mnaanzia pabaya: mnamfuata mpiga saksafoni, naye akianza kukimbia anawaacha njiani. Leo tunaanzia chini, kwenye besi.

Santuri ni The Cannonball Adderley Quintet in San Francisco, ya mpiga saksafoni Mmarekani Cannonball Adderley na kundi lake la watu watano, iliyorekodiwa katika klabu ya Jazz Workshop tarehe 18 na 20 Oktoba 1959 kwa ajili ya lebo ya Riverside. Tutashughulika na wimbo wa kwanza tu, "This Here", dakika 12 na ushee.

Hatua ya 1. Usiruke maneno ya mwanzo. Cannonball aliwahi kufundisha muziki sekondari huko Florida, na ualimu haujamtoka: anawaeleza watu kwamba wimbo umetungwa na mpiga piano wake, Bobby Timmons, na kwamba asili yake ni kanisani.

Hatua ya 2. Vaa hedifoni, maana spika ya simu inaimeza besi yote. Msikilize mpiga besi, Sam Jones, peke yake na uhesabu kwa mguu: moja, mbili, tatu. Jazi nyingi ya wakati ule ilikwenda kwa nne. Ukipotea usirudishe nyuma, isubiri besi.

Hatua ya 3. Rudia wimbo, safari hii na wapulizaji. Cannonball yuko kwenye saksafoni ya alto, mdogo wake Nat kwenye koneti, ambayo ni fupi kuliko tarumbeta. Wanapiga mahadhi pamoja, kisha kila mmoja anaachiwa uwanja. Louis Hayes kwenye dramu hawapi nafasi ya kulala.

Hatua ya 4. Zamu ya Timmons. Hapa mimi hufunga mlango, nisisemeshwe. Alilelewa Philadelphia na babu yake, mchungaji, akapiga kinanda katika kanisa lake. Anaanza sauti moja moja, kama mtu anayepita pembeni asionekane. Halafu anashusha mikono yote miwili, na anarudia, na anarudia, mpaka unaona kabisa kwaya imesimama. Makofi na kelele za ukumbini zimeachwa humo humo. Ukiziondoa, wimbo unapwaya.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali: Mkuu, bendi zetu za zamani, Western Jazz na Morogoro Jazz, si ndiyo jazi hii hii?
Jibu: Hapana mkuu, ni jina tu. Wale ni dansi: gitaa linaongoza, watu wako uwanjani wanacheza. Ila kule kupokezana zamu utakutambua mara moja.

Swali: Nimehesabu tatu, mara nikajikuta kwenye sita. Nimekosea?
Jibu: Hujakosea, dada. Sita ni tatu mbili. Mguu ubaki kwenye tatu, mkono ufanye utakavyo.

Swali: Shikamoo mwalimu. Baada ya huu niende wapi?
Jibu: Marahaba. Geuza upande wa pili, "Hi-Fly", utunzi wa Randy Weston. Ndiye aliyerekodi Uhuru Afrika mwaka 1960, ambamo Mtanganyika Tuntemeke Sanga anasoma shairi kwa Kiswahili.

Swali: Kwangu kuna wimbo wa sita, "Straight, No Chaser". Mbona kwenye santuri ya mzee haupo?
Jibu: Uliongezwa baadaye kwenye CD. Santuri ya mzee ina nyimbo tano na iko kamili. Usimwambie ameibiwa.