Kukusanya teki za studio za albamu za roki bila kupoteza ubora wa sauti

Usianze kwa kupakua. Chagua albamu moja, ujue ilirekodiwa lini, studio gani, na teki zipi (kila jaribio la kurekodi wimbo ni teki) zilizoachwa nje ya albamu zimeshatolewa. Faili lolote linaweza kuitwa .flac (FLAC ni muundo unaobana sauti bila kuipunguza ubora), cha kuuliza ni limetoka wapi.

1. Anza na matoleo rasmi. Vitu vingi vilivyokuwa vikizunguka kwa magendo leo vinauzwa na wenyewe. Fun House ya The Stooges (1970) ina nyimbo 7. Mwaka 1999 lebo ya Rhino Handmade ilitoa vikao vyake vyote, na vikajaza diski 7. The Cutting Edge ya Bob Dylan (2015) ina toleo la diski 18 na la diski 6. La 6 linatosha, labda uwe na wazimu kama wangu. Diski moja nzima ni "Like a Rolling Stone": tarehe 15 Juni 1965 wanaubahatisha kwa mwendo wa waltz, kesho yake teki ya 4 inakubali, nao bado wanaendelea kuurudia.

2. Nakili diski kwa programu makini: Exact Audio Copy kwenye Windows, XLD kwenye Mac. Washa AccurateRip, ambayo hulinganisha nakala yako na za watu wengine wenye diski hiyohiyo. Faili la logi, yaani ripoti ya unakili, usilifute. Saa moja ya CD ni takriban MB 635, na FLAC huipunguza hadi karibu nusu, wakati mwingine zaidi kidogo. Kiwango cha mgandamizo, 0 hadi 8, hakigusi sauti hata chembe.

3. Faili ulilopewa na mtu, lichunguze kabla ya kushukuru. Lifungue kwenye programu ya Spek uone picha ya masafa yake. CD hufika kHz 22. Ukikuta sauti imekatika ghafla kwenye kHz 16, kama iliyopigwa panga, hiyo mara nyingi ni MP3 (muundo unaotupa sehemu ya sauti) ya kbps 128 iliyogeuzwa FLAC. Ya kbps 320 hukatika karibu na 20. Lakini usihukumu haraka. Utepe wa zamani nao hupungukiwa juu, ila hufifia taratibu. Na ukiona ukomo kwenye 15 pamoja na mstari mwembamba ulionyooka kwenye 19, hiyo ilirekodiwa kutoka redio ya FM. Ule mstari ni ishara ya stirio. Hiyo mimi naitunza, mradi iandikwe hivyo.

Kuna mtego mwingine. The Beatles Bootleg Recordings 1963 ilitoka iTunes Desemba 2013 kwa AAC, muundo unaotupa sehemu ya sauti kama MP3. FLAC iliyotengenezwa kutokana na nakala hizo haina kilichoongezeka zaidi ya ukubwa.

4. Taja faili kwa tarehe ya kikao, wimbo, kisha teki: 1965-06-16 Like a Rolling Stone teki 04. Weka tarakimu mbili, la sivyo teki ya 10 itajipanga mbele ya ya 2. Kwenye folda acha faili dogo la maandishi lenye chanzo na programu uliyotumia.

5. Hifadhi kwenye diski mbili tofauti. Kila ukihamisha, endesha amri flac -t *.flac ndani ya folda. FLAC hubeba MD5 (namba ya kuhakiki) ya sauti yake yenyewe, kwa hiyo faili lililoharibika litatajwa kwa jina, nawe ulirudishe kutoka diski ya pili.